Vyumba vya watu wasiokuwepo: maswali yenu kuhusu kupamba seti

Katika toleo lililopita niligusia kwa mstari mmoja tu kwamba kwa miaka 27 hapa London nimekula kwa kupamba seti, yaani vyumba vya kuigizia, za filamu na za opera, michezo ya jukwaani inayoimbwa. Mstari huo umeniletea barua nyingi kuliko makala yoyote niliyoandika humu. Nimechagua sita. Majina nimeyaacha, mji unatosha.

Shikamoo Mama. Nina miaka 22 na nimemaliza diploma ya sanaa. Mwisho wa filamu naona jina la msanifu wa mandhari, halafu jina la mpambaji wa seti. Tofauti yao ni nini? Na kwenye opera ni hivyo hivyo? (Msomaji, Tanga)

Marahaba mwanangu. Msanifu wa mandhari ndiye anayeamua kuta zisimame wapi, dirisha litazame upande gani, rangi ya kisa kizima iwe ipi. Maseremala na wapaka rangi wakishamaliza, chumba kitupu kinakabidhiwa kwangu. Uipindue nyumba juu chini, kila kitakachoanguka ni changu: vitanda, mapazia, picha, vikombe, viatu mlangoni, kalenda ukutani. Kile anachokishika mwigizaji mkononi kina watu wake, watu wa vifaa, nao na sisi ni chanda na pete.

Kwenye filamu heshima ya kazi hii ipo wazi. Tuzo ya Oscar ya usanifu wa mandhari wanapewa pamoja, msanifu na mpambaji. Kuna mama mmoja Mtaliano, Francesca Lo Schiavo, mpambaji, ambaye pamoja na mumewe Dante Ferretti, msanifu, wameichukua mara 3: kwa The Aviator, Sweeney Todd na Hugo. Hugo ilipigwa hapa hapa Uingereza, studio za Shepperton, na stesheni yote ya Paris ya miaka ya 1930 unayoiona mle ilijengwa na kujazwa vitu na binadamu. Nikiitazama hutazama rafu za duka la vitu vya watoto, wala sikumbuki mazungumzo.

Kwenye opera cheo hicho mara nyingi hakina jina. Kazi ipo, ila imegawanywa kati ya msanifu, karakana ya vifaa na mafundi wa jukwaani. Mimi niliingilia huko, kwa mlango wa cherehani. Mama yangu alikuwa mshonaji Mkunazini, Unguja, nami nilipofika London nilichojua ni kushona, nikaajiriwa kushona mapazia ya jukwaa.

Kukuonyesha uzito wa kazi, chukua Tosca, opera ya Mtaliano Puccini, iliyoimbwa mara ya kwanza Roma mwezi Januari 1900. Sehemu ya pili, Tosca yuko chumbani kwa mkuu wa polisi, Scarpia, anayetaka mwili wake ndipo amwachie mpenzi wake. Mezani kuna chakula cha jioni. Tosca anafika mezani kunywa mvinyo, anakiona kisu. Anamuua. Halafu hakimbii. Analowesha kitambaa kwa maji ya chupa, anaosha vidole, anatengeneza nywele kwenye kioo, anatafuta barua ya ruhusa ya safari, anaikuta imefumbatwa mkononi mwa maiti. Anawasha mishumaa miwili, anaiweka kila upande wa kichwa cha maiti, anatungua msalaba ukutani na kuulaza kifuani mwake. Hayo yote yameandikwa ndani ya kazi yenyewe, na yanafanyika muziki ukienda. Hesabu vitu: bilauri, kisu, chupa ya maji, kitambaa, kioo, barua, kinara, mishumaa miwili, msalaba. Kila kimoja kina noti yake. Mshumaa ukikataa kushika moto, okestra haisubiri. Kwenye filamu mwongozaji angesema turudie. Pale hakuna kurudia, na watu elfu mbili wanatazama.

Tofauti nyingine ni jicho. Kamera inakuja hadi shubiri moja, kwa hiyo taraza ya shuka ya filamu naichagua uzi kwa uzi. Mtazamaji wa opera anaweza kuwa amekaa roshani ya juu kabisa, taraza hiyo haioni. Tunaipaka kwa brashi, rangi nzito, na kinara tunakitengeneza kinene kuliko cha kweli.

Halafu sikio. Waimbaji wa opera hawatumii maikrofoni. Ukijaza chumba mazulia na mapazia ya mahameli, unazimeza sauti zao. Nguo nzito tunaziweka kwa kiasi, na ukuta mgumu nyuma ya mwimbaji ni rafiki yake. Zulia lenyewe lazima libanwe sakafuni, maana gauni lina mkia na mwimbaji anamtazama kondakta, hatazami miguu.

Na kuna sakafu. Majukwaa mengi ya zamani yameinama kuelekea kwa watazamaji. Mwaka wangu wa kwanza kwenye vifaa niliambiwa nirekebishe miguu ya meza ili ubao wake ukae sawa. Nikakata miguu ya mbele badala ya ile ya nyuma. Kwenye mazoezi bakuli la machungwa likateleza, machungwa yakabingirika hadi shimo la okestra, moja likampiga mpiga fidla begani. Hakuumia, lakini mazoezi ya watu 90 yalisimama kwa sababu ya mkono wangu. Tangu siku hiyo natembea na pima maji mkobani.

Assalaam alaykum Bibi. Mimi Mzanzibari wa Muscat. Ilipofunguliwa Nyumba ya Opera ya Kifalme nilibahatika kuingia. Jukwaa lilikuwa dhahabu tupu. Ile dhahabu ni kweli? Na vitu vikubwa vile vilisafirije? (Msomaji, Muscat)

Waalaykumu salaam. Hiyo ilikuwa Oktoba 2011, na uliyoiona ni opera ya Turandot kwa mandhari ya mwongozaji Mtaliano Franco Zeffirelli, iliyoletwa na watu wa Arena ya Verona, Italia, Placido Domingo akiongoza okestra. Umeanzia juu kweli kweli.

Dhahabu ya jukwaani ni rangi juu ya mbao, juu ya povu gumu lililochongwa, juu ya karatasi zilizogandishwa kwa gundi. Siri iko kwenye mitaro ya nakshi: tunapaka rangi ya kahawia humo ndani, kisha tunafuta juu kwa kitambaa. Taa ikigonga ukingo tu, jicho linamalizia lenyewe. Ukipaka dhahabu kila mahali inageuka manjano ya ukutani.

Kuhusu safari, ndani ya kontena la meli hakuna upana wa mita 2 na nusu. Msanifu anayejua seti yake itasafiri anaikata kwa kipimo hicho tangu kwenye karatasi, kila kipande kina namba mgongoni, na kila sanduku la vifaa lina picha ya kilichomo imebandikwa kifunikoni. Hata seti zisizovuka bahari zinasafiri. Nyumba ya Opera ya Covent Garden ina karakana yake Purfleet, nje ya London, na ghala lake liko Aberdare, Wales. Jukwaa halina nafasi ya kulaza kila kitu, kwani leo ni opera hii na kesho ni nyingine.

Salaam aleikum dada. Binti yangu ana digrii ya uhasibu na sasa ameacha kazi anasema anataka kupamba seti za filamu. Babake hataki kusikia. Niambie kweli kama mzazi mwenzangu: hiyo ni kazi ya kuishi nayo? (Mama, Mombasa)

Aleikum salaam dada yangu. Nitakwambia kweli.

Kazi ni ya vipande. Filamu inakuchukua miezi mitatu, minne, sita, kisha unakaa nyumbani ukiitazama simu. Siku ya kazi hapa ina urefu wa saa 11, na mpambaji anafika kabla ya kamera na kuondoka baada yake. Siku mdogo wangu alipoolewa Unguja mimi nilikuwa studio napamba meza ya harusi ya watu wa kwenye filamu. Nilipanga maua nikilia. Sitaki kukuficha hilo, wala sitaki umfiche binti yako.

Lakini huo uhasibu asiutupe. Nusu ya siku yangu ni hesabu. Vitu vingi havinunuliwi, vinakodishwa kwa wiki, na ratiba ikisogezwa wiki moja kodi inapanda kwa kila kiti. Lazima ujue kila saa umetumia nini, risiti iko wapi, kiti gani kimevunjika na nani atakilipa. Nimeona wenye vipaji vikubwa wakikosa kazi ya pili kwa sababu vitabu vyao vilikuwa fujo. Aanze ofisi ya idara ya sanaa akitunza hesabu zao, macho yafunguke huko huko. Akija Uingereza, aingie chama cha wafanyakazi, BECTU, kabla ya kusaini mkataba wowote. Na asikubali kufanya kazi bure zaidi ya mara moja.

Baba yake mwambie hivi: kuna Jumanne mbili kila mwezi, ya pili na ya mwisho, naamka saa kumi usiku kwenda Kempton Park, uwanja wa mbio za farasi, ambako wauza vitu vya kale hufungua saa 12:30 asubuhi. Kwenye baridi, na tochi mkononi, wakiwemo wapambaji wenye tuzo, tunakagua miguu ya viti. Asidhani binti yake anakwenda kucheza.

Mambo vipi Mama. Mimi napamba seti za filamu zetu hapa Dar. Tunarekodi kwenye nyumba za watu na sebule zote zinafanana: sofa kubwa, televisheni, maua ya plastiki, pazia la kung'aa. Bajeti yangu haizidi nauli ya bodaboda. Nifanyeje? (Mpambaji, Dar es Salaam)

Mwanangu, barua yako nimeisoma mara tatu.

Kwanza toa. Kabla hujaongeza kitu, omba ruhusa ya kuhamisha nusu ya vilivyomo. Sebule zinafanana kwa sababu unaonyesha sebule ya mwenye nyumba, si ya mhusika. Kaa na muswada ujiulize: huyu mwanamke analala upande gani? Nani alimnunulia hiki kiti? Kabla ya kuachwa na mume alikuwa na nini ambacho sasa hakipo? Alama ya picha iliyotunguliwa, ule mraba msafi ukutani, haina gharama hata shilingi, na inasema kuliko machozi.

Pili azima. Shangazi zako wana masanduku. Uwe na daftari: kitu, mwenyewe, tarehe, sahihi, picha. Rudisha kikiwa kisafi kuliko ulivyokichukua, na safari ya pili utafunguliwa kabati lote.

Tatu, jifunze uchakavu. Hapa nataka ukae nami kidogo, maana ndiyo kazi ninayoipenda kuliko zote. Wanaoanza wanapaka uchafu kila mahali. Nyumba haichakai hivyo. Inachakaa pale mkono unapofika. Tazama ukuta wa chumba ulimo sasa hivi: karibu na swichi ya taa kuna kivuli cha vidole, kiko chini kidogo ya swichi na kimeelekea upande wa mlango, kwa sababu watu huipapasa gizani wakiingia. Kwenye kiti ni ncha za mikono, si katikati. Kwenye mlango ni usawa wa kitasa, na chini kabisa ambapo watu husukuma kwa mguu wakibeba ndoo. Nyuma ya kochi, ukutani, kuna doa la mafuta ya nywele, urefu wa kichwa cha mtu aliyekaa. Doa hilo ukiliweka mahali pake, mtazamaji anajua kuna baba aliyekuwa akikaa pale.

Mimi hutumia chai ya rangi iliyochemshwa mpaka ikawa nyeusi, naifuta kwa kitambaa kilichokamuliwa, tabaka baada ya tabaka, kila moja ikauke. Nta ya sakafu juu ya chai inatoa ule mng'ao wa mbao iliyoshikwa miaka mingi. Udongo laini uliochekechwa kwa kitambaa naupuliza pembeni. Karatasi mpya ya barua naichovya kwenye chai, naianika, naikunja na kuikunjua mara 20, kisha natembea nayo mfukoni siku mbili. Jaribu kwanza pasipoonekana, na nyumba ya mtu usimpakie ukutani bila idhini. Bandika karatasi, paka juu ya karatasi.

Usione haya kufanya kwa vitu hafifu. Renzo Mongiardino, Mtaliano wa Genoa aliyezaliwa 1916, alipamba filamu, opera na majumba ya matajiri wakubwa wa Ulaya, na sifa yake ilikuwa ni hiyo hiyo: karatasi ngumu iliyopakwa ikaonekana ngozi, plasta ikaonekana marumaru. Mwaka 1964 alisanifu ile Tosca niliyoitaja juu kwa ajili ya Zeffirelli, hapo Covent Garden, Maria Callas akiimba. Mandhari yale yaliendelea kutumika jukwaani kwa miaka 40. Sidhani kuna ukumbi mwingi wa marumaru ya kweli uliopendwa hivyo.

Bibi, shikamoo. Umewahi kupamba chumba cha kwetu? (Wanafunzi watatu, Unguja)

Marahaba wanangu. Mara moja.

Filamu siitaji. Sehemu ya kisa ilikuwa Unguja ya miaka ya 1890, ndani ya nyumba ya mfanyabiashara wa karafuu, na chumba kilijengwa studio. Wakati huo nilikuwa msaidizi tu. Nilipofika asubuhi nilikuta vinyago vitatu ukutani, ngoma mbili pembeni, ngozi ya pundamilia sakafuni na mkuki nyuma ya mlango. Nilihisi mwili unanitetemeka. Mzee yule wa kwenye muswada anaswali sala tano. Angetandika msala wake wapi, mbele ya vinyago?

Sikusema kitu siku hiyo kwa sababu nilijua nikisema nitaambiwa ni maoni yangu. Usiku nikatoa kitabu. Sayyida Salma, binti wa Sayyid Said, aliyeishi Ujerumani kwa jina la Emily Ruete, alichapisha kumbukumbu zake kwa Kijerumani mwaka 1886, na mle ameeleza vyumba vya kwao kama anayepamba seti: vidaka ndani ya kuta vimejaa sahani na vyombo vya kioo, vioo virefu kutoka sakafuni hadi juu vilivyoagizwa Ulaya, na saa nyingi. Asubuhi nikampelekea msanifu. Alisoma kurasa mbili akiwa wima, akatazama ukuta, akasema, “Toa vyote.”

Tulikuwa na siku nne. Sahani za buluu na nyeupe nilizipata Kempton. Kasha lenye misumari ya shaba tulilikodi. Mkeka wa ukindu alinitumia shangazi kwa mkono wa jirani aliyekuwa anasafiri, na ulipofunguliwa studio nzima ilinukia kwetu. Chetezo nilitoa changu, cha nyumbani.

Halafu saa ya ukutani. Tulikodi moja ya mbao, ya pendulamu. Pendulamu tuliifunga, kwa sababu maikrofoni inasikia kila mlio. Onyesho lilikuwa asubuhi mapema, jua ndiyo kwanza limetoka, mzee anamiminiwa kahawa. Nikapanda ngazi nikaweka mshale mfupi kwenye 1. Mama anayesimamia mwendelezo, ambaye kazi yake ni kuhakikisha vitu havibadiliki kati ya picha na picha, akanifuata. Akasema saa imekosewa, dirishani ni alfajiri, na saa inasema ni mchana.

Nikamwambia babu yangu alikuwa na saa kama ile, na kila magharibi, adhana ikianza, alipanda kwenye kigoda akaipeleka mishale kwenye 12. Siku ilianza hapo. Kwa hiyo jua likishatoka, saa ya nyumba ile inasema saa moja, na imesema kweli. Akanitazama, akaenda kumwita mwongozaji. Ikabidi nisimulie tena, mbele ya watu 40 wanaosubiri, kigoda, adhana na mishale. Mwongozaji akauliza, “Babu yako alikuwa anapandia kigoda cha namna gani?” Nikamwonyesha kwa mikono. Akasema saa ibaki, na kigoda kitafutwe kiwekwe chini yake.

Inaonekana nyuma ya bega la mzee kwa muda wa kumimina kikombe kimoja. Mama yangu aliitazama filamu ile nyumbani Mkunazini, wakati huo bado yu hai. Kuhusu waigizaji hakusema lolote. Alinipigia simu akasema, “Saa yao sawa.”

Ndani ya droo na makabati ya seti huwa kuna vitu, au ni tupu? (Msomaji, Kigoma)

Ya opera mara nyingi tupu, yasiwe mazito kusukuma. Ya filamu zangu yamejaa. Nilipamba chumba cha mjane, kwenye droo ya juu nikaweka kitana cha kiume, miwani yenye kioo kimoja na risiti za dawa. Mwigizaji hakuambiwa. Siku ya tatu ya kupiga picha aliifungua mwenyewe kamera ikienda, akakaa kimya, akaifunga polepole. Kipo kwenye filamu. Droo ya chini ndiyo naiacha wazi bila pambo: humo naweka sindano, uzi, gundi na mkasi, maana pazia huchanika siku yoyote.